Filamu za ndani ya mwili: ipi ifundishe moyo, ipi tumbo, ipi damu

Mwalimu wa biolojia wa Masasi au Ruangwa anayetafuta video ya kufundishia mzunguko wa damu hakosi video. Zimejaa tele. Kinachomsumbua ni kwamba zote zinavutia, na bando linakata kabla hajajua ipi itamfaa darasani. Hapa tunalinganisha aina tano: animesheni za kompyuta, filamu za kamera inayoingizwa mwilini (endoskopi), filamu za eksirei na altrasaundi, filamu zilizopigwa kwenye hadubini, na filamu ambayo mwalimu anaipiga mwenyewe kwa simu akitumia moyo na mapafu ya bucha. Tunazipima kwa mazingira ya Mtwara na Lindi, kusini mwa Tanzania: darasa la wanafunzi hamsini au zaidi, umeme unaokatika, madirisha mapana yasiyo na mapazia, na joto linaloharibu nyama kabla ya saa sita mchana.

Msimamo wetu tuuseme mapema. Kwa moyo na mapafu, anza na filamu ya simu yako; hakuna video ya mtandaoni inayoifikia. Kwa mwendo wa chakula, tafuta filamu ya eksirei. Kwa damu inayopita kwenye kapilari (mishipa myembamba kabisa), tumia hadubini na mkia wa samaki. Kwa nefroni, yaani vichujio vidogo vya figo, huna namna ila animesheni, lakini iingie darasani ikiwa imekaguliwa. Endoskopi ni ya kuonyesha sura halisi ya kuta za ndani na magonjwa yake, na wengi huitumia pasipo pake.

Sababu ni hii. Filamu yoyote ya mwili hujibu vizuri swali moja kati ya matatu: kitu kimeundwaje, kinatembeaje, au kina ukubwa na kasi gani. Inayojibu la kwanza kwa ufasaha huwa inaharibu la tatu, na kadhalika. Mwalimu asiyejua filamu yake inaharibu nini ndiye anayewaachia wanafunzi makosa ambayo mtihani utayafichua miezi sita baadaye.

Animesheni

Nguvu ya animesheni ni kuondoa vinavyoziba. Inafuta mbavu, inafanya ukuta wa moyo upitishe mwanga, inanyoosha tukio la chini ya sekunde moja lichukue nusu dakika. Hakuna kamera inayoweza kumwonyesha mwanafunzi maji yakichujwa ndani ya nefroni moja, na kila figo ina nefroni kama milioni moja. Hapo animesheni haina mpinzani.

Lakini kila kinachoonekana mle kimewekwa na mchoraji, na mchoraji hupenda nafasi. Chembe nyekundu za damu zinachorwa zikielea mbalimbali katika mrija mpana, wakati kwenye damu halisi chembe hizo huchukua takriban asilimia 40 hadi 45 ya ujazo wote. Zimebanana, zinasuguana. Ndani ya kapilari, ambayo upana wake unakaribiana na chembe yenyewe au hata kuwa mdogo zaidi (chembe ina maikromita 7 hadi 8), zinapita moja moja huku zimejikunja. Mwanafunzi aliyeona animesheni peke yake haelewi kwa nini chembe zilizopinda za selimundu zinaziba njia, kwa sababu kwenye video yake njia ilikuwa pana kama barabara.

Kabla ya kuipeleka darasani, itazame mara moja bila sauti na ukague haya. Je, pande mbili za moyo zinajikaza kwa pamoja? Hili ndilo kosa kubwa kuliko yote. Animesheni nyingi hufuata tone moja la damu: linaingia kulia, linakwenda mapafuni, linarudi kushoto, linatoka. Mwanafunzi anabaki akiamini kwamba upande wa kulia unapiga kwanza na wa kushoto unafuata. Ukweli ni kwamba vyumba viwili vya juu hujikaza pamoja, kisha viwili vya chini pamoja. Moyo ukipiga mara 75 kwa dakika, mzunguko mzima unachukua sekunde 0.8, na kujikaza kwa vyumba vya chini kunachukua kama 0.3 tu kati ya hizo. Video isiyoonyesha hata mara moja pande zote mbili zikifanya kazi kwa wakati mmoja, iache.

Angalia pia rangi. Damu ya kwenye vena (mishipa inayorudisha damu moyoni) si ya bluu. Ni nyekundu iliyokolea. Bluu ni rangi ya ramani tu, na video nzuri husema hivyo. Angalia kama chembe nyekundu zimechorwa na kiini katikati: chembe nyekundu iliyokomaa ya binadamu haina kiini. Na kwenye upumuaji, angalia kiwambo (msuli ulio chini ya mapafu) kinashuka wakati wa kuvuta pumzi. Kuna video zinazoonyesha hewa ikiingia kwanza na kifua kikitanuka baadaye, kana kwamba hewa ndiyo inayokisukuma. Ni kinyume: kifua kinatanuka, kanieneo ya hewa ndani inapungua, ndipo hewa inaingia.

Sauti izime. Maelezo ya Kiingereza cha haraka yanampita mwanafunzi wa kidato cha pili wa Newala au Liwale, na picha inakuwa imeshasonga. Eleza wewe, ukisimamisha.

Filamu ya simu: moyo wa bucha

Hii ndiyo tunayoipigia debe kwa moyo wote, kwa sababu vali halisi (mlango wa njia moja ndani ya moyo) ikifunga mbele ya macho ya mtoto hahitaji kukariri inafunga upande gani.

Shida ya kwanza iko buchani. Moyo unaouzwa juu ya meza mara nyingi haufai: mchinjaji ameshakata sehemu ya juu, kwa hiyo aota (mshipa mkuu unaotoa damu moyoni) na vyumba vya juu havipo, na mkaguzi wa nyama ameshaupasua kutafuta malengelenge ya minyoo ya tegu. Huo ni wajibu wake na usimwombe auache. Unachoweza kufanya ni kuongea na mchinjaji jioni ya siku iliyotangulia: utoe moyo ukiwa bado umeshikana na mapafu na koo, aota ibaki na urefu wa angalau sentimita 3, na mkato wa mkaguzi uwe mmoja, uliopita sehemu ya chini. Moyo wa ng'ombe ni bora kwa darasa kubwa kwa sababu vali zinaonekana hata kwenye runinga ndogo. Wa mbuzi ni nafuu na hupatikana mzima kwa urahisi zaidi. Kwa filamu, ambapo kamera inakuza, wa mbuzi unatosha kabisa.

Uuhifadhi kwenye barafu ya wauza samaki ndani ya ndoo yenye mfuniko, na upige filamu siku hiyohiyo asubuhi. Andaa ndoo mbili za maji, mfuko mweusi wa plastiki wa kutandika, rula, kikombe chenye mdomo, glavu, kisu kikali na penseli mbili. Usitandike karatasi au kitambaa cheupe. Simu ikiona weupe mwingi inapunguza mwanga, na nyama yote inageuka kuwa donge jeusi. Simu ikae juu ya meza ikitazama chini, imelazwa ukingoni mwa rundo la vitabu huku nyuma yake kukiwa na kitu kizito cha kuishikilia, au kwenye stendi. Mwanga utoke dirishani kwa ubavu. Taa ya simu iache, inatengeneza madoa meupe kwenye nyama yenye majimaji. Bonyeza kioo na ushikilie kidole mpaka fokasi na mwanga vijifunge, la sivyo picha itakuwa inang'aa na kufifia kila mkono unapopita.

Piga vipande vifupi vya sekunde 30 hadi 60, usipige filamu moja ndefu. Cha kwanza ni moyo kwa nje. Onyesha mfereji wenye mafuta unaopita kwa mshazari mbele: huo ndio mpaka wa vyumba viwili vya chini, na ndani yake inapita mishipa inayoulisha moyo wenyewe. Bana pande zote mbili kwa vidole mbele ya kamera. Upande wa kushoto ni mgumu, wa kulia unabonyea. Wanafunzi wakiona kidole kinazama upande mmoja na kukwama upande wa pili, tofauti ya unene wa kuta inaeleweka kabla hujaitamka.

Kipande cha pili ni kupitisha penseli. Moja iingie kwenye aota, nyingine kwenye ateri ya mapafu, na kamera ionyeshe zinavyopishana kabla ya kuzama kila moja kwenye chumba chake. Hapa ndipo michoro ya vitabuni inapokwama, kwa sababu mchoro hauna kina.

Kipande cha tatu ndicho roho ya filamu. Suuza moyo mpaka mabonge ya damu iliyoganda yatoke yote. Yakibaki yataikwamisha vali ikae wazi na utadhani moyo ni mbovu. Shika moyo aota ikitazama juu, simu iwe juu yake wima, kisha mimina maji taratibu kwenye aota kwa kikombe. Mifuko mitatu midogo itajaa, itatanuka, kingo zake zitakutana katikati zikitengeneza mistari mitatu inayotoka sehemu moja, na maji yatasimama. Yakishuka polepole, usijali: juu kidogo ya mifuko hiyo kuna matundu mawili ya mishipa inayoulisha moyo, na maji yanapita humo. Hilo ni jambo la kufundishia, lionyeshe kwa ncha ya penseli. Yakishuka kwa kasi, ama mkato wa mkaguzi umepita kwenye vali, ama kidole chako kimeisukuma. Mimina maji upya kwa kikombe kilicho juu kidogo zaidi. Ikishindikana tena, jaribu ateri ya mapafu, nayo ina mifuko mitatu ya namna hiyohiyo.

Mwisho fungua upande wa kushoto kwa mkato mmoja kutoka chini kwenda juu, weka rula kando ya ukuta na upime mbele ya kamera, kisha fanya vivyo hivyo upande wa kulia. Kwa mnyama mzima, ukuta wa kushoto unakaribia mara tatu ya wa kulia. Inua kwa penseli zile nyuzi nyeupe zinazoishikilia vali kati ya chumba cha juu na cha chini. Zivute taratibu. Hazikatiki, na mwanafunzi anaona mara moja kwamba kazi yake si kuifungua vali bali kuizuia isipinduke.

Nyama iliyofanyiwa kazi hivi isirudi jikoni. Ifukie. Meza ioshwe kwa sabuni, kisha ipakwe Jik ya asilimia 3.5 iliyochanganywa sehemu moja kwa sita za maji, ikae dakika kumi.

Udhaifu wa filamu hii uko wazi: moyo umekufa. Haupigi, hauna kasi, na damu haimo. Kwa hiyo haiwezi kusimama peke yake. Inahitaji dakika moja ya altrasaundi au animesheni iliyokaguliwa ili mwendo uingie.

Mapafu yaliyokuja pamoja na moyo yatumie papohapo. Ingiza mpira mwembamba kwenye koo, ufunge kwa kamba, weka mapafu ndani ya mfuko mkubwa angavu, na ujaze kwa pampu ya baiskeli. Usipulize kwa mdomo, hata kama unaona ni safi. Pafu lililokunjamana na lenye wekundu uliokolea linavimba na kugeuka waridi mbele ya macho, kisha linasinyaa lenyewe pampu ikiachiliwa. Kule kusinyaa ndiko kunakofaa kurekodiwa, maana kunaonyesha kwamba kutoa pumzi ya kawaida hakuhitaji misuli kusukuma. Lakini darasa liambiwe kwamba pampu inasukuma hewa ndani, wakati kifua cha mtu huivuta. Na mapafu yaliyochanwa na mkaguzi hayatajaa. Hewa itavuja kwa sauti.

Kamera inayoingia mwilini

Filamu za endoskopi zinavutia kwa sababu ni kweli tupu. Rangi ni ya mwili hai: waridi iliyoelekea chungwa, inayong'aa kwa ute. Mwanafunzi aliyezoea tumbo la kahawia la kwenye chati anapigwa butwaa. Tangu daktari Basil Hirschowitz na wenzake walipotengeneza endoskopi ya nyuzi za kioo zinazopindika mwaka 1957, madaktari wameweza kutazama kuta hizo kwa urahisi zaidi.

Ila tazama zinachopotosha. Mgonjwa amefunga kula, kwa hiyo chakula hakimo: filamu ya endoskopi haionyeshi mmeng'enyo hata kidogo. Pia daktari hupuliza hewa ili kuta ziachane apate kuona. Tumbo tupu kwa kawaida limejikunja, kuta zinagusana. Kwenye filamu linaonekana kama pango. Wanafunzi wakichora tumbo baada ya video hiyo huchora chumba kitupu chenye hewa. Na ndani ya mwili hakuna mwanga. Mwanga wote unatoka kwenye ncha ya kifaa, ndiyo maana sehemu za karibu zinameremeta na za mbali ni giza.

Inafaa kwa mambo matatu. La kwanza ni vidonda vya tumbo, kulinganisha ukuta mzima na wenye kidonda. La pili ni mawimbi ya misuli sehemu ya mwisho ya tumbo: yanakuja kama matatu kwa dakika, na darasa linaweza kuyahesabu likitazama saa. La tatu ni nyuzi za sauti kooni, filamu ambayo haijawahi kukosa kunyamazisha darasa. Nyuzi za mwanamume hutetema zaidi ya mara mia moja kwa sekunde, za mwanamke karibu mara mbili ya hapo, kwa hiyo daktari hutumia taa inayowaka na kuzimika kwa mpigo. Kile kinachoonekana kama mwendo wa polepole ni vipande vya mitetemo mingi tofauti vilivyounganishwa. Sema hivyo, ni ukweli wenye ladha yake.

Ya kidonge chenye kamera, kinachomezwa na kupiga picha njiani kote, iache kwa darasa la kawaida. Kidonge chenyewe kina milimita 11 kwa 26, na aina za awali zilipiga picha mbili tu kwa sekunde, kwa hiyo filamu yake inarukaruka na hakuna anayejua yuko wapi ndani ya utumbo mwembamba wenye mita zipatazo sita.

Eksirei na altrasaundi

Mwanafizikia Wilhelm Röntgen aligundua eksirei mwaka 1895, na kufikia 1897 daktari John Macintyre wa Glasgow alikuwa ameshapata picha zinazotembea za mguu wa chura kwa miale hiyo. Aina hii ni kongwe, na kwa swali la "kinatembeaje" bado ndiyo bingwa.

Kwa kumeza chakula, tafuta filamu ya mtu anayekunywa bariumu, kinywaji kinachoonekana wazi kwenye eksirei. Unaona donge likifika kooni, zoloto (kisanduku cha sauti) ikipanda, kidaka tonge kikifunika njia ya hewa, kisha donge likishuka kwenye umio wenye urefu wa sentimita 25 hivi kwa muda usiozidi sekunde kumi. Sehemu ya kooni inakwisha ndani ya sekunde moja, kwa hiyo ichezeshe kwa nusu ya kasi au robo. Kinachowachanganya wanafunzi ni rangi. Kwenye picha mnato ya eksirei, mfupa na bariumu ni vyeupe. Kwenye filamu nyingi za eksirei rangi zimegeuzwa, bariumu ni nyeusi. Waambie kabla ya kubonyeza. Na isipigwe filamu mpya ya eksirei kwa ajili ya darasa: miale ina madhara, na zilizopo zinatosha.

Altrasaundi ya moyo ina uzuri mmoja mkubwa, nao ni wakati. Moyo ni hai, kasi ni halisi, vali zinapigapiga. Lakini bila mtu wa kuisoma ni mawingu ya kijivu. Katika mkao unaoonyesha vyumba vyote vinne, mara nyingi ncha ya moyo iko juu ya skrini na vyumba vya juu viko chini, yaani moyo umepinduliwa, na upande wa kushoto wa mgonjwa uko kulia kwa mtazamaji. Mwalimu asiyejua hilo atafundisha kila chumba kwa jina lisilo lake. Simamisha picha ya kwanza, chora vyumba vinne ubaoni kwa mkao huohuo uliopinduka, andika majina, ndipo uachie filamu itembee.

Wapo wanaofikiria kuomba vipande kwa jamaa anayefanya kazi hospitali, iwe Ligula, Sokoine au Ndanda. Usifanye hivyo kienyeji. Juu ya skrini ya altrasaundi huwa kumeandikwa jina la mgonjwa, tarehe na kituo, na taarifa za afya zinalindwa na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022. Chukua zilizowekwa wazi mtandaoni kwa leseni huria.

Hadubini, na mkia wa perege

Damu ya binadamu isichukuliwe darasani kwa ajili ya filamu, hata tone. Kuna njia salama na, kwa macho, bora zaidi. Chukua perege mdogo wa kama sentimita 3, au kiluwiluwi wakati wa masika madimbwi yanapojaa. Mfunge kwa pamba iliyolowa mwili mzima isipokuwa mkia, mlaze juu ya kioo, dondoshea maji mkiani, na utazame kwa lenzi ndogo kwanza, kisha ya mara 10. Pamoja na lenzi ya jicho ya mara 10, unapata ukuzaji wa mara 100. Baada ya dakika tano mrudishe majini.

Utaona mito. Mishipa inayokwenda mwishoni mwa mkia inasukuma damu kwa mapigo, inayorudi inatiririka bila mapigo, na katikati yake kapilari ambamo chembe zinapita kwa foleni. Hakuna animesheni iliyonasa hilo kwa haki. Tahadhari mbili tu: chembe nyekundu za samaki na za chura zina umbo la yai na zina kiini, tofauti na zetu, na kasi inayoonekana imekuzwa pamoja na picha. Damu ya kapilari husogea karibu nusu milimita hadi milimita moja kwa sekunde. Chini ya hadubini inaonekana inakimbia.

Kupiga kwa simu: kunja karatasi ngumu iwe bomba linaloingia juu ya lenzi ya jicho, na simu ikae juu yake kwa nafasi ya sentimita moja hadi mbili, mpaka duara la mwanga lijae. Tumia kamera kuu bila kukuza sana. Simu zenye kamera mbili au tatu huruka kutoka kamera moja kwenda nyingine ukikuza, na picha inapotea ghafla. Hadubini ya kioo cha chini ielekezwe kwenye anga angavu, kamwe isielekezwe kwenye jua.

Matende na mabusha: mada inayohitaji aina mbili

Pwani yote ya kusini wanafunzi wanawajua wenye matende na mabusha, na wamemeza dawa za kinga shuleni. Halafu video za mzunguko zinazochaguliwa zinaonyesha damu pekee; limfu, yaani majimaji yanayopita kwenye mirija ambamo minyoo ya matende huishi, haimo. Hilo tunaliona ni kosa la uchaguzi, maana ugonjwa wenyewe ndio somo.

Tumia animesheni kwa mfumo wa limfu: haina pampu kuu kama moyo, inasukumwa na kujikaza kwa mirija yake na misuli inayoizunguka, na ina vali za kuzuia kurudi nyuma. Kisha ongeza kipande cha hadubini cha mabuu ya minyoo ya matende yakijipindapinda kati ya chembe za damu. Buu lina karibu theluthi moja ya milimita, wakati mnyoo jike mzima hufika sentimita 8 hadi 10, mwembamba mithili ya uzi. Video mbovu inachanganya hawa wawili na kuonyesha mabuu yakiziba mirija ya limfu. Wanaoishi ndani ya mirija na kuifanya itanuke mpaka vali zishindwe kufunga ni minyoo wazima, wazazi wa mabuu hayo. Mabuu yako kwenye damu, na huonekana zaidi usiku, kati ya saa nne na saa nane. Ndiyo maana vipimo vya damu vya mchana vinaweza kuwakosa.

Kuionyesha

Projekta ndogo za bei nafuu huandikwa maelfu ya lumeni (kipimo cha mwanga) kwenye boksi, lakini kwa ANSI, kipimo sanifu cha mwanga wa projekta, huwa mia chache tu. Mchana, katika darasa lenye madirisha mapana, hazionyeshi kitu, hasa filamu za altrasaundi na eksirei ambazo ni za kijivu. Kama huna projekta ya ANSI 3,000, runinga ya inchi 43 ni bora. Inakula wati 60 hadi 90 hivi, kwa hiyo betri moja ya volti 12 yenye Ah 100 pamoja na inveta ndogo itaiendesha kwa vipindi kadhaa umeme ukikatika. Gawa darasa makundi mawili: moja linatazama, jingine linachora, kisha wabadilishane.

Pakua kwa ubora wa 720p. Dakika tano ni kama MB 75, na kwa darasa inatosha. Faili iwe MP4 ya H.264. Video za Wikimedia Commons ni huru kutumia lakini mara nyingi huja kama WebM, na runinga nyingi zinazikataa. Zigeuze kwa VLC au HandBrake, zote ni za bure. Flashi iliyofomatiwa FAT32 haipokei faili inayozidi GB 4. Jaribu kwenye runinga ileile utakayotumia, siku moja kabla.

Kwa kipindi cha dakika 40, filamu zote zisizidi dakika nane. Mfano wa moyo: kipande cha vali ulichokipiga, mara ya kwanza kimya, wanafunzi waandike wanadhani maji yatafanya nini, simamisha kabla ya kumimina, kisha kionyeshe chote. Fuata na sekunde 40 za altrasaundi wakihesabu mapigo. Animesheni ije mwisho, na kazi yao iwe kutafuta makosa yake. Mpangilio wa kinyume, animesheni kwanza, huwafanya waone moyo halisi kuwa mchafu na mgumu kuelewa.

Shule isiyo na umeme wala runinga ichague vipande viwili tu: vali ya aota na mkia wa perege. Vitume kwa Bluetooth kwenye simu tano au sita za walimu, zilizochajiwa usiku, mwanga wa kioo ukiwa juu kabisa, kila simu na wanafunzi wanane chini ya mwembe au kivuli chochote kizito, maana juani kioo cha simu hakionyeshi kitu.